Verlyn Tjaden na Dakika Arobaini za Maili ya Sitini na Mbili

Verlyn Tjaden, dereva wa treni, anastaafu Ijumaa hii, tarehe 18 Oktoba 2024, baada ya kuitumikia Reli ya Otter Fork kwa miaka arobaini na mmoja. Hiyo arobaini na mmoja nimeiandika kwa penseli. Faili lake ofisini linasema kumi. Orodha ya wakongwe iliyobandikwa mlangoni pa karakana inasema ishirini na mmoja. Mke wake, LaVonne, anasema thelathini na tisa na hataki ubishi, kwa sababu kabla ya hapo walikuwa hawajaoana na yeye hakuwa na habari naye.

Wote wanasema kweli, na hapo ndipo kichwa kinaponiuma. Reli yetu ina maili tisini na sita tu, inapita kwenye mahindi na soya, inabeba nafaka kutoka kwenye maghala ya wakulima na kuikabidhi kwa reli kubwa kule Halvorsen. Verlyn aliajiriwa mwaka 1983 na kampuni kubwa iliyokuwa imeichoka njia hii na ilitaka kung'oa mataruma, zile mbao zinazoshikilia reli. Mwaka 1985 wakulima wakajiunga wakainunua. Mwaka 1996 wakaiuza kwa kampuni ya mbali. Mwaka 2003 ikarudi kwa watu wa hapa. Mwaka 2014 ikaunganishwa na jirani yake. Kila ilipouzwa, wafanyakazi wote waliachishwa kazi na kuajiriwa upya dakika hiyo hiyo, na miaka yao ikaanza kuhesabiwa kutoka sifuri. Njia ni ile ile, mwanamume ni yule yule, koti tu ndilo lililobadilika. LaVonne ameyatunza makoti yote matano kabatini na husema yeye ameolewa na mume mmoja na kampuni tano.

Mimi ni Arlys Kuhlmann. Nakaa kwenye kiti cha kuongoza treni, ofisi ya Dunkel, na kazi yangu ni kumwambia kila dereva kwa redio aende wapi na aishie wapi. Meneja wetu, Bwana Rasmus Oldenkamp, alinipa kazi ya kuandika ukurasa huu wa programu ya sherehe kwa sababu, baada ya Verlyn, mimi ndiye niliyekaa hapa siku nyingi kuliko wengine.

"Ukurasa mmoja unatosha, Arlys," aliniambia. "Iwe ya kuchekesha kidogo. Na tafadhali usiisahau ile ya sandwichi."

Kila niliyemwuliza habari za Verlyn alinipa hiyo hiyo. Karakana nzima, sandwichi. Wenye maghala, sandwichi. Hata mchungaji alinisimamisha mlangoni pa kanisa akaniuliza kama nimeiweka. Kwa wageni watakaokuja Ijumaa bila kuijua, ni hivi: mwaka 1996 Verlyn alisimamisha treni ya mabehewa ishirini na mawili ya mahindi katikati ya safari, kwa dakika arobaini, ili ale sandwichi yake. Treni ikachelewa kukabidhiwa. Akasimamishwa kazi siku thelathini. Ndilo doa pekee katika faili lake, na ndilo lililomnyima nafasi kwenye ubao wa ukumbini wenye majina ya waliofanya kazi bila doa.

Nasema mapema ili msomaji asipotee njiani: doa hilo si lake. Ni langu. Nimekaa nalo miaka ishirini na minane, na siwezi kumwacha Verlyn atoke mlango huu akiwa amelibeba. Lakini kwanza niandike yale niliyotumwa.

Verlyn alizaliwa kwenye shamba lililo umbali wa kutupa jiwe kutoka maili ya thelathini na nane. Alianza kazi akiwa na miaka ishirini na miwili, akibadilisha mataruma kwa mkono, na miaka miwili baadaye akapewa kiti cha dereva kwa sababu wakulima walionunua reli hawakumpata mwingine aliyejua kuwasha kichwa cha treni namba 4107. Kichwa hicho kipo mpaka leo. Ukikikwaruza kwa ukucha unaona kijani, chini ya kijani nyekundu, chini ya nyekundu rangi ya chungwa, na chini kabisa rangi ambayo hakuna anayekubaliana na mwenzake ni gani. Verlyn anasema ni bluu. Mimi niliiona ni kijivu.

Mwendo wetu ni maili kumi kwa saa, na sehemu nyingine chini ya hapo. Trekta hutupita. Mwaka 1989 ng'ombe jike mmoja aliitembea njia mbele ya treni ya Verlyn kutoka Merrit mpaka karibu na Dunkel, akasimama kila treni iliposimama, akaendelea kila ilipoendelea. Mwenyewe alipokuja kumchukua alimshukuru Verlyn kwa kumchunga. Wakati wa mafuriko ya 1993 yeye ndiye aliyetangulia mbele ya treni kwa miguu akiwa na fimbo, akipima maji juu ya reli, hatua kwa hatua, mpaka mbegu za wakulima wa upande wa pili zikafika. Hiyo ilimpatia barua ya shukrani kutoka kwa kampuni. Barua ilitumwa kwa jina la Vernon Jaden, naye akaitundika sebuleni hivyo hivyo.

Ni mtu wa maneno machache. Redioni anasema linalotakiwa na kanuni, halafu kimya. Katika miaka yote ya kufanya naye kazi sijamsikia akipandisha sauti, isipokuwa mara moja aliponiambia nizime jiko ofisini, kwa kuwa alikuwa ameona moshi dirishani akiwa anapita. Alikuwa sahihi. Ulikuwa mkate wangu wa mdalasini.

Sasa twende kwenye Jumanne, tarehe 1 Oktoba 1996.

Siku hiyo wakulima walikuwa wanaikabidhi reli kwa kampuni ya mbali, saa sita kamili mchana, katikati ya mavuno. Saa sita ilipogonga, sote tuliachishwa kazi. Saa sita na dakika moja, sote tuliajiriwa. Hiyo dakika moja katikati mpaka leo sijui tulikuwa watu wa nani. Tuliambiwa kwamba kila mmoja wetu, mzee kwa kijana, yuko kwenye majaribio ya siku tisini na anaweza kuondolewa bila maelezo. Vibali vyote vya njia, yaani karatasi zinazomruhusu mtu kuwa juu ya reli, vilivyoandikwa asubuhi viliisha nguvu saa sita, nami nilitakiwa kuviandika upya kimoja kimoja, kwenye karatasi mpya zenye jina jipya. Nilikuwa na miezi mitatu tu kwenye kiti kile.

Gus Hruska, msimamizi wa njia, alikuwa kazini maili ya sitini na tatu. Ni mahali ambapo reli inapenya kilima kilichokatwa, na redio haishiki. Alikuwa ameweka gari lake dogo juu ya reli na anabadilisha mataruma. Kibali chake cha asubuhi kilikuwa cha mpaka saa tisa. Nilimwita saa sita na dakika tatu, hakujibu. Nikasema nitamwita tena. Hapo akaingia mtu wa kampuni iliyokuwa inaondoka, amebeba sanduku la karatasi, akakusanya kila kitu chenye jina la zamani, kwa kuwa kilikuwa mali yao, akaenda zake. Kibali cha Gus kilikuwa humo. Meza yangu ikabaki nyeupe. Kabla sijapumua, Verlyn akaita kutoka stesheni ya Dunkel akiomba njia, na kwenye kichwa cha treni alikuwa amekaa naye bwana mmoja wa kampuni mpya mwenye kofia ngumu nyeupe, amekuja kuona safari ya kwanza. Konda alikuwa anafuata kwa gari barabarani ili kuzuia magari kwenye makutano.

Nikampa Verlyn njia, Dunkel mpaka Saint Odile, kutoka maili ya hamsini na moja mpaka ya sabini. Gus alikuwa katikati.

Kanuni inamtaka dereva alirudie agizo neno kwa neno. Verlyn akalirudia. Kisha akafanya jambo ambalo si kawaida yake, akaongeza maneno.

"Mpaka Saint Odile moja kwa moja, Arlys?"

"Moja kwa moja."

"Hakuna mtu katikati?"

Niliitazama meza yangu. "Karatasi ni safi, Verlyn. Nenda, simu mbili zinanilia hapa."

"Haya," akasema. "Karatasi ni safi."

Treni ikaondoka. Ya huko mbele nilikuja kuelezwa vipande vipande, na vipande haviingiliani vizuri. Kinachojulikana ni kwamba alipokuwa anaimaliza maili ya sitini na mbili, kabla njia haijaingia kwenye kilima, alifunga breki. Yule bwana wa kofia nyeupe akamuuliza kuna nini. Verlyn akasema ni wakati wake wa kula. Bwana yule akadhani ni utani wa watu wa hapa. Verlyn akachukua mfuko wake, akashuka, akasema anatafuta kivuli, akaenda zake kwa miguu juu ya mataruma mpaka akapotea kwenye kona.

Mimi sikujua chochote. Saa nane kasoro dakika kumi redio ikaita.

"Dunkel, huyu Gus. Niko nje ya njia, hapa kwenye makutano, nje tu ya kilima. Na gari pia liko nje."

Niliishika kalamu nikaitafuta karatasi yake ili niandike, na haikuwepo. Nilichukua muda kuelewa. Nilipoelewa, niliisoma tena njia niliyompa Verlyn: hamsini na moja mpaka sabini. Gus alikuwa na wana watatu. Dada yake ndiye aliyenifundisha kuendesha gari.

"Arlys, umenipata?"

"Nimekupata, Gus."

"Basi sawa, mama. Usisahau kula."

Sikujua alikuwa ananitania au ananihurumia. Mpaka leo sijui.

Wiki iliyofuata Verlyn aliitwa mbele ya mabwana watatu wa kampuni mpya. Walikuwa na kanda ya redio, na kwenye kanda kulikuwa na agizo safi, limerudiwa vizuri. Hakuna kanuni iliyokuwa imevunjwa, isipokuwa ile aliyoivunja yeye kwa kusimama. Walimuuliza mara tatu kwa nini alisimama, akawajibu mara tatu kwamba alikuwa na njaa. Walimuuliza kama anaelewa uzito wa jambo. Akasema anaelewa, lakini nyama ilikuwa nzuri. Wakampa siku thelathini.

Nami nilinyamaza. Siku ya kwanza nilinyamaza kwa hofu ya majaribio. Baada ya siku tisini nilinyamaza kwa aibu ya kunyamaza. Halafu ikawa mzaha, watu wakaanza kumwekea sandwichi kwenye kiti cha dereva kila tarehe 1 Oktoba, na ungeanzaje kuharibu mzaha wa watu? Wanasema njia ya mwongo ni fupi. Ya kwangu ilikuwa maili tisini na sita, na nilikuwa nimeikalia mwenyewe kila siku.

Wiki mbili zilizopita, nilipokuwa ninakusanya habari za ukurasa huu, nilimwendea Gus nyumbani kwake. Ana miaka themanini na moja. Nilimwambia nataka kuandika ukweli. Alinisikiliza mpaka mwisho, akakuna shingo.

"Hiyo si siku ya mabata bukini?"

"Hapana, Gus. Siku ya kuuzwa kwa reli."

"Ipi? Tumeuzwa mara nyingi." Akafikiri. "Verlyn alikuja kwa miguu, hilo nakumbuka. Akaniambia, 'Mzee, toa gari lako, treni yangu iko nyuma hapo.' Nikamwambia nina kibali mpaka saa tisa. Akasema kibali kimekufa saa sita. Nikamuuliza kimeuawa na nani? Akasema, 'Tupambane na gari kwanza.' Tukalisukuma mpaka makutano. Akanipa nusu ya sandwichi."

"Kwa hiyo alikula kweli?"

"Alikula nusu. Nusu nyingine nilikula mimi. Kwa nini, kuna mtu anasema hakula?"

Niliondoka hapo nikiwa nimechanganyikiwa kuliko nilivyoingia. Keshoye nikamtafuta Verlyn mkahawani Dunkel, mbele ya bakuli lake la maharage ya nyama na pilipili, na mkate wa mdalasini pembeni kama tunavyokula hapa. Nikamweleza ninalotaka kuandika. Hakufurahi.

"Acha, Arlys. Sasa watu watanichekea kitu gani?"

"Ulijua vipi kwamba Gus yupo?"

"Tulikunywa kahawa pamoja asubuhi, meza hii hii. Aliniambia atakuwa kwenye kilima mpaka saa tisa."

"Si ungesema redioni? Maneno mawili tu. Gus yupo."

"Redio ilikuwa inasikilizwa na wageni. Wewe ulikuwa umeajiriwa dakika ishirini tu."

"Na wewe pia, Verlyn. Dakika ishirini zile zile."

"Mimi ilikuwa mara yangu ya tatu. Nilishazoea."

Nikamuuliza kwa nini hakuniambia baadaye, hata faraghani, hata mara moja tu. Alitafuna, akameza, akafuta mdomo.

"Ulikuwa umeshajua. Tangu siku ile umeniuliza mara mbili mbili kila kibali. Miaka ishirini na minane, kila kibali mara mbili. Ningekuambia nini tena?" Kisha akaongeza, "Halafu nilikuwa na njaa kweli. Usiandike kwamba nilidanganya."

Basi naandika: hakudanganya. Alikuwa na njaa. Na Gus alikuwa kwenye njia. Jinsi mambo hayo mawili yalivyokaa ndani ya kifua cha mtu mmoja kwa muda wote huu bila kuyatenganisha, mimi sielewi, na nimeacha kujaribu. Ninachoelewa ni kwamba kuna familia moja hapa Dunkel iliyokula chakula cha jioni na baba yao siku ile, na kuna mwanamke aliyebaki kwenye kiti chake, na mtu aliyelipia yote mawili amekuwa akichekwa tangu hapo naye akicheka pamoja nasi.

Nilikwenda kwa Bwana Oldenkamp na kumweleza yote. Alivua miwani, akaivaa, akaivua.

"Unataka nifanyeje?"

"Ulifute doa la Verlyn."

"Nilifute kwa mamlaka ya nani? Waliomwadhibu ni kampuni iliyokufa mwaka 2003. Faili lenyewe tulilirithi tu, Arlys. Ni kama unaniomba nibadilishe wosia wa jirani."

"Basi lihamishie kwangu."

"Huwezi kuadhibiwa na kampuni ambayo haipo."

"Niadhibu wewe. Wewe upo."

Tulizunguka hapo kwa saa nzima. Alisema sheria haina mahali pa jambo kama hili. Alisema pia kwamba kama yeye ndiye angekuwa meneja mwaka ule nami nikamwambia, angenifukuza, na kwamba sasa hajui afanye nini, maana mimi ndiye huyo huyo mwanamke asiyempa mtu njia bila kuuliza mara mbili. Mwishowe tulikubaliana jambo ambalo yeye mwenyewe anasema halielewi vizuri, lakini ametia sahihi. Kuanzia Jumatatu ijayo nitakuwa nje ya kazi siku thelathini. Siyo likizo. Sababu iliyoandikwa kwenye faili langu ni hii: kumpa dereva njia yenye mtu ndani yake, 1 Oktoba 1996. Kiti changu kitakaliwa na mwenzetu kutoka reli ya jirani. Jana Bwana Oldenkamp alichukua bisibisi na kufunga ubaoni, kwa mkono wake, kibao chenye jina la Verlyn Tjaden. Jina limeandikwa sawasawa, tumelisoma wote wawili.

Sherehe itakuwa kwenye ukumbi wa chini wa kanisa la Walutheri, Saint Odile, saa sita mchana. Kila mtu aje na sahani ya chakula. LaVonne anaomba watu waelewane kabla, ili tusiletewe tena saladi tisa za jeli na kuku mmoja.

Verlyn, kwa niaba ya karakana, ofisi, magenge ya njia na maghala yote kutoka Halvorsen mpaka Merrit, tunakushukuru kwa miaka yako, iwe ni kumi au arobaini na mmoja. Tunakuombea afya, asubuhi zisizo na saa ya kengele, na LaVonne aliyesubiri zamu yake kwa muda mrefu. Najua hukutaka niandike haya, na najua Ijumaa utaniangalia kwa jicho la pembeni. Niangalie tu. Nimekuwa nikiogopa hata kukutazama usoni tangu 1996, na sasa naweza.

Asante kwa kusimama.